Béla Lugosi: yapi ya kweli, yapi ya matangazo, na pesa zilikwenda wapi

Swali. Nafundisha sekondari na nasimamia klabu ya maigizo. Wanafunzi wamechagua kutayarisha kipindi kuhusu Béla Lugosi, mwigizaji wa Hungaria aliyecheza Dracula, yule mnyonya damu wa hadithi. Kila tunaposoma tunakuta mambo yale yale: alikuwa nyota wa Shakespeare katika Ukumbi wa Taifa wa Budapest, alicheza Dracula bila kujua Kiingereza, alikataa kucheza zimwi katika filamu ya Frankenstein akaja kujuta, na dawa za kulevya ndizo zilizomfilisi. Yapi ni ya kweli? Na tukitaka kumtazama kama mwigizaji, si kama kinyago cha kutishia watoto, tuanze na filamu zipi?

Jibu. Mwalimu, hayo manne yote yana chembe ya ukweli, na yote manne yametiwa chumvi. Mengine aliyatia chumvi Lugosi mwenyewe, akizungumza na waandishi wa Marekani ambao hawakuwa na njia ya kuhakikisha mambo ya Budapest. Mengine yalitoka kwa watu wa matangazo wa studio. Ukitaka uzi mmoja wa kuyafuata maisha yake, fuata mikataba: nani alimlipa, kiasi gani, kwa wiki ngapi. Ndivyo utakavyoelewa ilikuwaje mtu ambaye sura yake inajulikana dunia nzima akafa hana kitu.

Jina alilozaliwa nalo ni Béla Ferenc Dezső Blaskó. Alizaliwa tarehe 20 Oktoba 1882 katika mji wa Lugos, uliokuwa ndani ya Ufalme wa Hungaria. Siku hizi uko Romania na unaitwa Lugoj. Wahungaria hutanguliza jina la ukoo, kwa hiyo kwao ni Lugosi Béla, na hiyo s husomwa sh. Wanafunzi wako walitamke "Lugoshi". Ni jina la jukwaani lenye maana ya mtu wa Lugos. Baba yake, István, alianza kama mwoka mikate akapanda hadi kuwa mtu wa benki, akafariki mwaka 1894. Kijana aliacha shule mapema, akafanya vibarua Resica, mji wa migodi na viwanda vya chuma, kisha akaingia kwenye vikundi vya maigizo vya mikoani.

Hapo mikoani msipite haraka, maana ndipo uigizaji wake wote ulipotoka. Kikundi cha mkoani kilikaa mji mmoja msimu mzima, na kwa kuwa watazamaji walikuwa wale wale, mchezo mmoja haukuweza kudumu jukwaani. Leo opereta, yaani igizo jepesi la kuimbwa, kesho vichekesho, keshokutwa Shakespeare au tamthilia ya kizalendo ya Kihungaria. Mazoezi yalikuwa machache na mkumbushaji alijibanza pembeni na mswada mkononi. Kazi ya namna hiyo humjenga mtu kwa njia tatu: sauti yake hufika viti vya nyuma, mkono wake husomeka kutoka mbali, na huweza kusimama kimya mbele ya watu bila kubabaika. Shikeni hilo la tatu, mtalikuta tena kwenye Dracula.

Lugosi alikuwa Temesvár msimu wa 1903 na 1904, akapita Debrecen, na mwaka 1910 akafika Szeged, mji mkubwa wa kusini, ambako alipewa Romeo. Romeo anayetajwa kwenye masimulizi ni wa Szeged. Budapest alihamia mwaka 1911, na kuanzia 1913 hadi 1919 alikuwa mwajiriwa wa Nemzeti Színház, yaani Ukumbi wa Taifa. Alipanda jukwaa lile mara nyingi, na Shakespeare alimcheza kweli, lakini karibu nafasi zake zote zilikuwa ndogo au za kusaidia. Nafasi kuu zilikuwa na wenyewe. Alipofika Marekani ndipo akaanza kujitambulisha kama mwigizaji mkuu wa ukumbi ule, na magazeti yakaandika kama alivyosema. Kwa hiyo kwenye kipindi chenu semeni hivi: alikuwa mwigizaji kamili wa kulipwa, aliyefika kwenye jukwaa la heshima kuliko yote nchini mwake, akakaa safu ya pili. Hiyo tayari ni sifa kubwa, wala haihitaji kuongezewa.

Katikati ya miaka hiyo kuna vita. Tangu 1914 hadi 1916 alitumikia jeshi la Austria-Hungaria katika kikosi cha miguu, akajeruhiwa kwenye medani ya Urusi na kupewa nishani ya majeruhi. Aliporudi akaanza filamu bubu, mwaka 1917, katika kampuni ya Star chini ya mwongozaji Alfréd Deésy. Kwenye nyingi alitumia jina la kubuni, Arisztid Olt, kwa kuwa watu wa jukwaa walikuwa bado wanaidharau kamera. Pia aliongozwa na Mihály Kertész, yule ambaye Hollywood ilikuja kumfahamu kwa jina la Michael Curtiz. Karibu filamu hizo zote zimepotea, hivyo mkiona mtandaoni kipande cha "Lugosi wa Hungaria", kitilieni shaka kwanza.

Kilichomtoa nchini si filamu, ni chama cha wafanyakazi. Tarehe 21 Machi 1919 wakomunisti wa Béla Kun walishika serikali, wakaishikilia hadi tarehe 1 Agosti. Katika miezi hiyo Lugosi alikuwa mstari wa mbele kuunda chama cha waigizaji, na kwenye gazeti la waigizaji aliandika kwamba wengi wao, pamoja na mavazi yao ya kung'aa, ni watu wa kipato cha chini kama vibarua wengine. Serikali ile ilipoanguka, kila aliyeshiriki alianza kusakwa. Lugosi alikimbilia Vienna, kisha Berlin. Huko Ujerumani alicheza filamu kadhaa katika mwaka mmoja na ushei, mojawapo ikiwa *Der Januskopf* ya F. W. Murnau ya mwaka 1920, ambamo alikuwa mtumishi wa nyumbani wa mhusika mkuu aliyechezwa na Conrad Veidt. Nayo imepotea. Mwishoni mwa 1920 alijiandikisha baharia kwenye meli ya mizigo, akashuka New Orleans, akaelekea New York, ambako mwaka 1921 alipitishwa na maofisa wa uhamiaji wa Ellis Island. Uraia wa Marekani aliupata mwaka 1931.

Sasa suala la Kiingereza. Watu wamechanganya michezo miwili. Ule alioukariri kwa sauti tu, silabi kwa silabi, bila kuijua lugha, ni *The Red Poppy*, uliopandishwa jukwaani New York mwishoni mwa 1922. Kabla yake alikuwa akicheza kwa Kihungaria mbele ya wahamiaji wenzake. *Dracula* ilifunguliwa katika ukumbi wa Fulton, Broadway, eneo la kumbi kubwa za maigizo New York, tarehe 5 Oktoba 1927, karibu miaka mitano baadaye, na kufikia hapo alikuwa anazungumza Kiingereza, ingawa kwa lafudhi nzito ambayo haikumtoka hadi kufa. Mchezo ulionyeshwa mara 261, na haiwezekani mtu akasimama jukwaani mara zote hizo, wenzake wakikosea maneno na yeye akiwafuata walikokwenda, bila kuelewa kinachosemwa.

Ule mwendo wa ajabu wa maneno yake una maelezo rahisi. Kihungaria hukaza silabi ya kwanza ya kila neno, kama sisi tunavyokaza ya pili kutoka mwisho. Tena irabu ndefu katika Kihungaria haina uhusiano na mkazo: irabu inaweza kuwa ndefu mwishoni mwa neno huku mkazo ukiwa mwanzoni. Mpe mtu wa lugha hiyo sentensi ya Kiingereza, ataikaza mahali ambapo Mwingereza hakutarajia na kuvuta irabu ambazo Mwingereza huzimeza. Ongeza mapumziko ya mtu wa jukwaani anayesubiri neno lifike viti vya nyuma. Waigizaji wa baadaye waliomwiga walichukua lafudhi wakaacha mapumziko, ndiyo maana wanachekesha. Wanafunzi wenu wakitaka kumwiga vizuri, waanze na kimya.

Na joho lake, lile lenye kola ndefu iliyosimama nyuma ya kichwa, lilitoka kwenye ufundi wa jukwaa. Mchezo wa kwanza uliandikwa na Hamilton Deane huko Uingereza mwaka 1924 (toleo la Broadway lilirekebishwa na John L. Balderston), na kuna mahali Dracula anatakiwa kutoweka mbele ya macho ya watu. Mwigizaji aliwageuzia watazamaji mgongo, kola ikaficha kichwa chake, wenzake wakashika joho, yeye akateremka kupitia mlango wa sakafuni. Joho likabaki tupu mikononi mwao. Filamu haikuhitaji hila hiyo kabisa, lakini kola ilibaki, na leo hii mtoto yeyote akichora mnyonya damu huichora.

Filamu yenyewe ilipigwa na studio ya Universal ya Hollywood mwishoni mwa 1930 chini ya Tod Browning, ikatolewa Februari 1931. Studio haikumtaka Lugosi. Ilimfikiria mwigizaji Lon Chaney, aliyefariki Agosti 1930, kisha ikatazama wengine, huku Lugosi akibisha hodi kila mlango ili apewe nafasi aliyokuwa ameicheza miaka mitatu. Mwenye haja hapangi bei. Mkataba ulikuwa dola 500 kwa wiki kwa wiki saba, jumla dola 3,500. Hakukuwa na mgawo wa mapato, hakukuwa na kipengele kuhusu sura yake kutumika kwenye bidhaa. Filamu iliiletea Universal faida nono wakati ambapo mdororo wa uchumi ulikuwa unazimaliza studio, na Lugosi hakuongezewa senti.

Mkiitazama, angalieni ngazi ya ngome mwanzoni. Mgeni amefika, mlango umejifungua wenyewe, buibui wametanda. Lugosi anashuka na mshumaa, anasimama, anajitaja jina, halafu hafanyi chochote. Hakuna muziki hapo. Filamu hiyo haina muziki wa nyuma isipokuwa mwanzoni na pale ambapo wahusika wenyewe wamo katika ukumbi wa muziki. Mpiga picha Karl Freund alielekeza taa mbili nyembamba kwenye macho ya Lugosi, na katika baadhi ya picha za karibu mtaona mwanga umekosea kidogo ukagusa shavu. Meno marefu hayaonekani hata mara moja. Yote yanabebwa na uso uliotulia na mikono. Vidole vyake vinajikunja kimoja baada ya kingine, si kwa pamoja, na hapo ndipo mtamwona yule mtu wa Szeged aliyezoea kusomeka kutoka kiti cha mwisho. Wapo wanaosema ni kuzidisha. Kwa filamu yoyote nyingine ningekubaliana nao, lakini humu anacheza mtu aliyekufa karne nyingi zilizopita na anajaribu kukumbuka jinsi watu wanavyofanya mambo.

Kuhusu Frankenstein, jibu ni nusu kwa nusu. Universal ilimtangaza Lugosi kwa filamu hiyo mwaka 1931, chini ya mwongozaji Robert Florey, na wakapiga majaribio kwenye seti za *Dracula*. Majaribio hayo hayajaonekana tena. Lugosi alilalamika kwamba zimwi, yaani kiumbe kilichoundwa na mwanasayansi Frankenstein, halina maneno na kwamba vipodozi vitamfunika. Kwa mtu anayetegemea sauti na macho hilo si lalamiko la kijinga. Lakini wakati huo huo studio ilimkabidhi James Whale filamu, na Whale akamchagua mwigizaji mwingine, Boris Karloff. Florey na Lugosi wakahamishiwa kwenye *Murders in the Rue Morgue*. Kwa hiyo hakutaka, na hakutakiwa. Hadithi ya "nilikataa" aliipenda kwa kuwa inamwachia heshima. Matokeo yake kifedha yalikuwa makubwa: kuanzia hapo Universal ilikuwa na nyota wawili wa kutisha, na malipo ya Karloff yakazidi kupanda huku ya Lugosi yakibaki palepale.

Oktoba 1932, mwaka mmoja na nusu tu baada ya *Dracula* kutoka, aliiomba mahakama imtangaze mufilisi. Tarehe hiyo ndiyo inayoivunja hadithi ya dawa za kulevya. Matatizo ya pesa yalitangulia. Sababu zilikuwa mbili: malipo madogo ya mara moja, na matumizi ya mtu aliyeishi kibwana, mwenye karamu, wapiga fidla na mkono usiojua kunyima. Baada ya kufilisika alichukua kila kazi aliyopewa, kwa bei iliyotajwa na mwenye kazi, na wenye studio huongea. Ukishajulikana kwamba unakubali kidogo, kidogo ndicho utakachopewa. Haishangazi kwamba Chama cha Waigizaji wa Filamu kilipoundwa Hollywood mwaka 1933, yeye alikuwa miongoni mwa wanachama wa mwanzo kabisa na mfuasi wake wa dhati. Ya 1919 hakuyasahau.

Pigo la pili lilikuja mwaka 1936. Familia ya Laemmle, wenye studio, ilipoteza Universal, wamiliki wapya hawakutaka filamu za kutisha, na Uingereza, soko kubwa la ng'ambo, ilikuwa imekaza udhibiti wa aina hiyo ya filamu. Kwa karibu miaka miwili Lugosi hakuwa na kazi ya maana. Alipoteza nyumba, na mwanawe alipozaliwa Januari 1938, mfuko wa misaada wa watu wa filamu ulisaidia gharama za hospitali. Kilichomwokoa ni ukumbi mmoja wa sinema wa Los Angeles, Regina, ambao mwaka huo huo ulirudisha *Dracula* na *Frankenstein* kwa pamoja. Foleni ilizunguka mtaa. Universal ikaona, ikasambaza filamu hizo mbili nchi nzima, na ikaagiza mpya: *Son of Frankenstein*, iliyotoka mwaka 1939.

Hapo alipewa Ygor, mtu aliyenyongwa akapona, shingo imevunjika na kupinda upande, ndevu kama kichaka. Kwa kumbukumbu za mkewe Lillian, studio ilitaka kumaliza picha zake zote ndani ya wiki moja ili imlipe kidogo, naye mwongozaji Rowland V. Lee akazidi kumwongezea matukio ili abaki hadi mwisho wa upigaji. Kwa maoni yangu hiyo ndiyo kazi yake bora kuliko zote. Hana joho, hana uungwana, hana hata uso wake. Ana ujanja, kicheko cha kohoo, na jicho la mtu aliyeshinda kifo akaamua kulipiza kwa watu wanane waliomhukumu. Aliyesema Lugosi anajua kitu kimoja tu hajamwona Ygor. Mwaka huo huo Ernst Lubitsch alimpa nafasi fupi ya komisa wa Kisovieti katika *Ninotchka*, mbele ya Greta Garbo: anavunga sura ya kikazi, hatishi mtu, na anafaa kabisa. Nafasi za aina hiyo hazikufuata.

Kilichofuata ni kampuni ndogo za bei rahisi. Kwa Monogram peke yake alicheza filamu tisa kati ya 1941 na 1944. Nyingi ni za kupoteza muda, na siwashauri wanafunzi wazitafute.

Kuna moja ya Universal ya wakati huo ambayo darasa lenu la maigizo linapaswa kuijua, si kwa uzuri wake bali kwa jinsi chumba cha uhariri kinavyoweza kumharibia mwigizaji. Katika *The Ghost of Frankenstein* ya 1942, ubongo wa Ygor unahamishiwa kwenye kichwa cha zimwi. Zimwi linaamka likiongea kwa sauti ya Lugosi, kisha linagundua limepofuka. Filamu iliyofuata, *Frankenstein Meets the Wolf Man* ya 1943, ikaendelea hapohapo, na sasa Lugosi, mwenye umri wa miaka 60, akapewa kucheza zimwi lenyewe. Alilicheza kama hati ilivyotaka: kipofu, mikono mbele ikipapasa hewa, hatua za kubahatisha, na mazungumzo marefu. Kabla filamu haijatoka, mazungumzo yake yote yaliondolewa, pamoja na kila mahali palipotajwa upofu. Kilichobaki ni mzee anayefumbua kinywa bila sauti na kutembea mikono imenyooshwa bila sababu. Wahakiki walimcheka. Na mwendo ule wa mikono mbele, ambao kila mtoto anaufanya akiiga zimwi la Frankenstein, ni wa kipofu ambaye watazamaji hawakuambiwa kwamba ni kipofu.

Jukwaani, kwa upande mwingine, hakuacha kabisa. Mwaka 1943 na 1944 alicheza *Arsenic and Old Lace* kwenye miji ya Marekani, katika nafasi ambayo Broadway ilikuwa ya Karloff, na mwaka 1951 alizunguka miji ya Uingereza na *Dracula*. Kwenye filamu, Dracula mwenyewe alimcheza mara mbili tu: 1931, na 1948 katika kichekesho cha *Abbott and Costello Meet Frankenstein*. Hiyo ya pili huwashangaza wengi, maana joho alilivaa mara nyingi, ila kwa majina mengine.

Dawa, sasa. Alikuwa na maumivu makali ya mshipa wa nyonga unaoshuka mguuni, ambayo yamehusishwa na majeraha ya vita. Alitibiwa kwa mofini, akawa tegemezi, baadaye akahamia methadoni. Aprili 1955 alijipeleka mwenyewe kwa mamlaka, akalazwa katika hospitali ya serikali ya Norwalk, California, na akazungumza na waandishi waziwazi, jambo ambalo mtu wa Hollywood wakati ule hakulifanya. Alitoka Agosti, akaoa mke wa tano, Hope Lininger, na kurudi kazini. Uraibu ulimmaliza mwili na ulimfanya asiajirike miaka ya 1950. Haukuwa chanzo cha umaskini. Hapo ndipo anapoingia Ed Wood, mwongozaji asiye na pesa wala kipaji kikubwa, lakini aliyemheshimu: *Glen or Glenda*, kisha *Bride of the Monster*. Katika hii ya pili kuna hotuba ya mwanasayansi aliyefukuzwa nchini mwake na hana pa kurudi. Seti inatikisika, taa mbovu, na mzee anaisema kana kwamba yuko Nemzeti Színház.

Alifariki Los Angeles tarehe 16 Agosti 1956, akiwa na miaka 73, kwa moyo. Alizikwa na joho la Dracula, lakini hakuacha wosia huo. Uliamuliwa na Lillian, mtaliki wake, na mwana wao. Ed Wood alikuwa na dakika chache za picha zake zisizo na sauti, akazipachika kwenye *Plan 9 from Outer Space* na kujaza mapengo kwa mtu mwingine aliyeficha uso kwa joho. Mtu huyo ni mrefu kumzidi na hafanani naye hata kidogo.

Kwa kuwa nilianza na mikataba: warithi waliishtaki Universal kwa kuuza sura ya Lugosi kwenye bidhaa. Mahakama ya chini iliwapa haki, lakini Mahakama Kuu ya California mwaka 1979 ikaamua kwamba haki ya mtu juu ya sura yake hufa naye kama hakuitumia kibiashara akiwa hai. Bunge la jimbo likajibu kwa sheria iliyoanza mwaka 1985, ikiwapa warithi haki hiyo kwa miaka 50 baada ya kifo, baadaye ikaongezwa hadi 70. Waigizaji wenu chipukizi wanaosaini karatasi bila kusoma ukurasa wa pili wangenufaika na kesi hiyo kuliko na filamu yoyote.

Za kutazama. Anzeni na *Dracula*, kama dakika 75. Nakala nyingine zina muziki wa Philip Glass ulioongezwa mwaka 1999. Ni mzuri, ila unajaza kimya kile kile mnachotaka kukisoma, hivyo chagueni sauti ya asili. Mkiweza, wekeni kando yake *Drácula* ya Kihispania, iliyopigwa usiku kwenye seti zilezile na waigizaji wengine. Kamera yake inatembea vizuri zaidi, lakini Carlos Villarías anakodoa macho na kutabasamu, na mtaona thamani ya uso uliotulia. Kisha *White Zombie* ya 1932, ambayo Marekani haina tena haki miliki na inapatikana bure: Lugosi ni bwana wa misukule wanaosaga miwa huko Haiti. Nakala nyingi ni chafu, zenye mikwaruzo na sauti ya kukoroma, kwa hiyo tafuteni iliyosafishwa.

Ya tatu ni *The Black Cat* ya 1934, iliyoongozwa na Edgar G. Ulmer, dakika 65. Lugosi ni daktari wa Kihungaria anayerudi nyumbani baada ya miaka 15 katika gereza la vita, kumtafuta aliyemsaliti, naye Karloff amejenga jumba la kifahari juu ya ngome iliyojaa wafu wa vita hiyo. Humu yeye ndiye mwenye kuhurumiwa. Itazameni behewa la treni mwanzoni: msichana mgeni amelala, daktari ananyoosha mkono na kuzigusa nywele zake kidogo tu, halafu anatambua kwamba mume anamwona. Haondoi mkono kwa hofu. Anauondoa polepole na kueleza, kwa sauti ya chini, kwamba aliacha mke anayefanana naye miaka 18 nyuma alipokwenda vitani. Kwa mwigizaji aliyerudi mwenyewe na jeraha kutoka medani ya Urusi, tukio hilo linafaa kuwa zoezi la klabu: lichezeni kwanza bila maneno, kisha kwa maneno, na yule anayecheza mume asiambiwe mkono utaondolewa lini.

Malizeni na *Son of Frankenstein*. Angalizo moja tu: *The Black Cat* ina mwisho wa mtu kuchunwa ngozi, unaoonekana kwa kivuli ukutani, na ibada ya shetani, kwa hiyo kidato cha kwanza na cha pili waishie kwenye *Dracula* na kile kichekesho cha 1948.